Jan Johansson, mutungaji mwenye hakuona filme yake kwenye televizyo

Tarehe 9 Novemba 1968, mupiga piano mumoja wa inchi ya Uswidi alikuwa njiani na gari, anaenda kupiga muziki kanisani katika muji wa Jönköping. Hakufika. Karibu na Sollentuna, gari yake iligongana na bisi, akafa. Alikuwa na miaka 37 tu. Jina lake Jan Johansson.

Alizaliwa tarehe 16 Septemba 1931 kule Söderhamn, muji wenye kuwa pembeni ya bahari. Alijifunza piano angali mutoto, kisha jazi ya Wamarekani ikamukamata moyo. Wakati alikomaa, alienda Göteborg kusoma mambo ya umeme kwenye Chalmers, shule kubwa ya maingenyeri. Pale njo alikutana na Stan Getz, Mumarekani mwenye alijulikana sana kwa kupiga saksofoni. Johansson akaacha masomo, akachagua piano. Kuacha kazi ya ingenyeri juu ya muziki haikukuwa jambo ndogo. Lakini mwisho wa miaka ya 50, alikuwa anapiga pamoja na Getz mwenyewe kule Copenhagen, muji mukubwa wa Denmark.

Kisha alienda kuishi Stockholm, akafanya kazi na orkestra ya Arne Domnérus na kundi la jazi la redio ya Uswidi. Wakati ule, wapigaji wengi wa Ulaya walikuwa wanafuata Wamarekani. Yeye akarudilia nyimbo za zamani za vijiji vya kwao. Alizipiga polepole, bila kujaza noti nyingi, na mwenzake Georg Riedel akimusindikiza na bass. Hakuna ngoma, hakuna muimbaji. Sahani ile, Jazz på svenska, ilitoka katika mwaka wa 1964. Uswidi haikukuwa hata na watu milioni 8, lakini sahani ilipita 250.000 zenye ziliuzishwa. Mupaka leo, hakuna sahani ya jazi yenye iliuzwa kuipita katika inchi ile.

Alitunga pia muziki ya filme na ya televizyo. Katika mwaka wa 1968, Olle Hellbom alikuwa anatengeneza filme ya vipindi 13 juu ya Pippi, ile binti ya nywele nyekundu mwenye anaishi peke yake na farasi na nyani, na mwenye nguvu ya kuinua ile farasi. Astrid Lindgren, mwandikaji wa vitabu vya Pippi, aliandika maneno ya wimbo wa kufungua. Johansson akatunga sauti yake. Riedel naye alitunga muziki ingine ya filme.

Kipindi cha kwanza kilipita tarehe 8 Februari 1969. Mutungaji alikuwa amekwisha kuzikwa miezi tatu mbele. Filme ikavuka mipaka, na wimbo ukatafsiriwa katika luga zingine.

Aliacha watoto wawili wanaume, Anders na Jens, wangali wadogo sana. Wote wawili wakakuwa wanamuziki, lakini wa rock ya nguvu, na njo wao walitoa tena sahani za baba yao kusudi zisipotee. Watoto wa Ulaya wangali wanaimba ule wimbo wa Pippi. Wengi wao hawajui ni nani aliutunga.