Mutisya Munge: Mkamba aliyerudi kutoka vitani na ufundi wa vinyago

KABLA ya Vita vya Kwanza vya Dunia, hakuna mchongaji wa Ukambani aliyeishi kwa tezo lake. Wachongaji walitengeneza viti vya wazee vya miguu mitatu, bakora, miiko na vikopo vya ugoro, kisha wakarejea kwenye mashamba na mifugo yao. Mutisya Munge, mwenyeji wa Wamunyu katika eneo la Machakos, alikuwa mmoja wao, na kijijini tayari alijulikana kwa kazi yake.

Vita vilipozuka mwaka wa 1914, Waingereza waliwachukua Waafrika kwa maelfu, wakiwemo Wakamba wengi, kwenda kupambana na Wajerumani katika nchi ambayo baadaye iliitwa Tanganyika. Wengi walikuwa wapagazi, na waliouawa na maradhi na njaa walikuwa wengi kuliko waliouawa na risasi. Jina la mtaa wa Kariokor jijini Nairobi ni ukumbusho wao.

Mutisya naye alihudumu huko, lakini akarudi hai. Huko ndiko alikokutana na Wazaramo, wenyeji wa sehemu za Dar es Salaam, waliokuwa mafundi wa kuchonga sanamu kwa mti wa mpingo. Aliporejea Wamunyu vita vilipomalizika, alianza kuchonga vinyago vya kuuza. Wanunuzi wake walikuwa walowezi na maafisa wa serikali ya kikoloni, kwani vinyago hivyo havikuwa na kazi yoyote katika mila za Wakamba. Ajabu ni kwamba mtalii wa leo huuziwa kinyago cha aina hiyo kama urithi wa kale.

Mwanzoni aliwarithisha wanawe ufundi huo. Hata hivyo, biashara yenye faida haifichiki kijijini. Majirani waliiga, na kufikia miaka ya 1950 Wamunyu ilikuwa ngome ya wachongaji. Wengine walihamia Nairobi na Mombasa, ambako chama chao cha ushirika kilianzishwa Changamwe mwaka wa 1963.

Gharama yake ililipwa na misitu. Mpingo na muhugu viliadimika kwa kukatwa ovyo, na tangu miaka ya 1990 wachongaji wamehimizwa kutumia mwarobaini na mwembe, miti isiyo na weusi ule wa mpingo lakini ambayo hukua upesi zaidi.