Lord Delamere: Sonko wa ekari laki moja aliyekufa na madeni

Ukipanda mathree ya kwenda Naks, kuna uwezekano mkubwa dere atasimama pale Delamere, Naivasha. Unashuka, unanunua yogurt, unapiga picha, mnasonga. Hilo jina umelitaja mara mia. Sasa huyo Delamere mwenyewe alikuwa nani? Tulia nikupee stori.

Jina lake ni Hugh Cholmondeley, na usijisumbue na hizo herufi zote, wenyewe hutamka Chamli. Alizaliwa 1870, familia tajiri ya Cheshire, Uingereza. Babake alipokufa 1887, kijana akiwa na miaka 17 tu, akarithi mashamba na cheo cha Baron wa 3 wa Delamere. Hicho cheo kilikuja na kiti cha kumsubiri kwenye bunge la malodi kule London. Hakuna kura, hakuna kampeni, hakuna kugawa T-shirt. Mzae akienda, mtoto anaingia. Imagine.

Lakini siasa za London hazikumbamba. Yeye alitaka kuwinda simba. Kuanzia 1891 akawa anaenda Somalia, na siku moja simba akamshika mguu. Aliyemwokoa ni Msomali aliyekuwa akimbebea bunduki, Abdullah Ashur, aliyemrukia huyo mnyama. Delamere alichechemea maisha yake yote. Mwaka wa 1897 safari ikamleta mpaka nyanda za juu za Kenya, na akapendwa na alichoona. Au tuseme, akakitaka.

1903 serikali ya kikoloni ikampa ekari 100,000 Njoro kwa lisi ya miaka 99. Ndiyo, laki moja. Wewe unalilia ploti ya hamsini kwa mia. Baadaye akaongeza Soysambu, kando ya ziwa Elmenteita, ekari zingine maelfu kwa maelfu. Na usidhani ilikuwa ardhi isiyo na wenyewe. Wamaasai walikuwa wakilisha hapo Bonde la Ufa. 1904 wakasainishwa mkataba, wakahamishwa, wengine wakapelekwa Laikipia na kuahidiwa hawatasumbuliwa tena. Haikupita miaka 10, wakafurushwa Laikipia pia. Walienda kortini 1913, wakapoteza kesi. Cha kushangaza, Delamere alipenda kukaa na Wamaasai, aliongea Kimaasai na akawaandika wachunge mifugo yake. Yaani unachunga ng'ombe za mwingine kwenye nyasi za babu yako.

Ukulima wenyewe ulimchapa vibaya. Kondoo wakafa kwa sababu nyasi za Njoro zilikosa madini. Ng'ombe wakashikwa na ugonjwa wa mapafu. Ngano ikaliwa na kutu. Akaweka rehani mali ya Uingereza, akaajiri mwanasayansi atafute mbegu inayostahimili kutu, na 1908 akawa nyuma ya kampuni ya Unga. Ndiyo hiyo hiyo ya Jogoo.

Akiwa Nai alikuwa noma. Stori maarufu ni ya kuingia na farasi ndani ya hoteli ya Norfolk.

Ila siasa ndio ilikuwa kazi yake kubwa. Aliongoza masetla karibu miaka 30 bila kuwa gavana hata siku moja. 1908 alikuwa kwenye baraza la kutunga sheria, na bado akaongoza maandamano mpaka nyumbani kwa gavana. Walichokuwa wanateta ni nini? Walitaka Waafrika wafanye kazi mashambani, kwa masharti ya masetla. Akasimamishwa barazani. 1920 akarudi kwa kura ya Bonde la Ufa, kura ya wazungu peke yao. Waafrika hawakuwa na mtu wao mle ndani mpaka Eliud Mathu alipoteuliwa 1944.

Ndoto yake ilikuwa Kenya iwe nchi ya mzungu, masetla wajitawale. Wahindi walipodai haki sawa, masetla walipanga hadi kumteka gavana wao wenyewe! Delamere akaenda London 1923 kupigania upande wao. Matokeo? Wahindi wakanyimwa ardhi ya nyanda za juu, hapo masetla wakafurahi. Lakini serikali ya Uingereza ikaandika wazi kwamba Kenya ni nchi ya Waafrika, na maslahi yao yatangulie. Kwa vitendo hawakufuata sana, tusidanganyane. Ila karatasi ilikuwa imeshaandikwa, na ndoto ya masetla kupewa nchi ikagonga ukuta.

Alikufa Novemba 1931, miaka 61, akazikwa Soysambu. Na deni la benki? Karibu pauni nusu milioni. Sonko alikuwa amesota.

Masetla wakaita barabara kubwa ya Nairobi jina lake na wakamsimamishia sanamu. Uhuru ulipokuja 1963, sanamu ikang'olewa, na barabara leo unaijua kama Kenyatta Avenue. Sanamu ikapelekwa Soysambu. Huko kuna mlima ambao wazungu waliuita Pua ya Delamere. Wamaasai wao wanasema ni moran aliyelala chali.