Mzee Ojwang' hakuwa wa kwetu, lakini nani angemwambia dani?

Kama umelelewa Rongo, Awendo, Oyugis ama Mbita, huyu mzee unamjua. Na kama uliwahi kutamka "sida" badala ya "shida" mbele ya watu wa Nairobi, basi pengine umeshaitwa jina lake. Mimi niliitwa Ojwang' mwaka mzima chuoni, kabla sijaacha masomo. Wakati huo lilikuwa tusi.

Kwetu nje ya Rongo tulikuwa na TV ndogo ya betri ya gari. Betri ilipelekwa sokoni kwa baiskeli ikachajiwe, na ikirudi kazi yake ilikuwa mbili tu: taarifa ya habari na Vitimbi. Kofia ya Mzee Ojwang' ikitokea tu, kabla hajafungua mdomo, dani ashaanza kucheka. Halafu mabishano. Mjomba anasema huyo ni mtu wa Karachuonyo. Dani anakataa, anasema anatoka Kanyamwa, ukoo wake anaujua. Yaani ukoo kabisa!

Kumbe mzee alikuwa Benson Wanjau. Mkikuyu.

Alianza kuonekana kwenye michezo ya televisheni ya taifa miaka ya 1980, ikiwa bado Sauti ya Kenya, kabla haijawa KBC mwaka wa 1989. Kulikuwa na Darubini, kisha Vitimbi ndiyo ikambeba. Kituo kingine cha TV hakikuwepo mpaka KTN ilipoanza 1990, na huku vijijini KBC iliendelea kutawala miaka mingi baadaye. Kwa hivyo elewa hivi: Ojwang', Mama Kayai na Masanduku arap Simiti walikuwa wageni wa karibu kila nyumba iliyokuwa na TV.

Je, alikuwa anatucheka? Nilipokuwa chuoni ningekwambia ndiyo. Siku hizi nikitazama vipande vya zamani kwenye simu naona kitu kingine. Lafudhi unaweza kuiga wiki moja, uchekeshe watu kwenye harusi. Yeye aliibeba miaka thelathini hivi, na ile namna ya kukaa, kukasirika, kujisifu, na dani, aliyejua wazee wa aina hiyo kijijini, hakuona kosa hata moja. Mwigizaji apewe nini zaidi?

Halafu kumbuka mapema 2008. Baada ya uchaguzi ule, Wakikuyu waliokuwa na maduka pande zetu walifunga wakaondoka. Nilikuwa mtoto, nakumbuka milango tu. Na mwaka huo huo tulikuwa na Mkikuyu tuliyempenda kuliko mjumbe wetu, ila hatukujua. Ama aliyejua alinyamaza.

Pesa ndiyo sehemu inayoniuma. Usidhani umaarufu ule ulimtajirisha. Mwaka wa 2012 macho yalikuwa yanamtoka, mtoto wa jicho, na hela ya matibabu hana. Wakenya wakachanga, akafanyiwa upasuaji. Ni vizuri, lakini hebu fikiria: uso uliojulikana kote Kenya unasubiri mchango ndipo uone tena.

Alifariki Jumapili, 12 Julai 2015, Hospitali Kuu ya Kenyatta, akiwa na miaka 78. Ilikuwa nimonia. Magazeti yakaandika Wanjau, na watu wengi huku wakadhani ni msiba wa mtu mwingine.

Dani alitaka kujua mwili utapitia Kericho ama Kisii, ili ajue atasimama barabara gani. Ikabidi nimwambie. Jina lake, kabila lake, na kwamba anazikwa Lang'ata, Nairobi. Alinyamaza muda mrefu. Kisha akaniuliza ni nani sasa atamtunza Mama Kayai.