Kanjogera, Mama wa Mfalme Aliyeitwaa Ngoma

Askari anayeshika zamu usiku katika ufuko wa Rubona, kilomita chache kusini ya mji wa Gisenyi, huyaona maji ya Ziwa Kivu yametanda mbele yake kuelekea ng'ambo ya Kongo. Ni maji matulivu, lakini yamevukwa na majeshi mengi. Katika karne ya 19 Mfalme Kigeli IV Rwabugiri aliyapita na mitumbwi yake mara kwa mara, akakitwaa kisiwa cha Ijwi na kupigana na watu wa Bushi upande wa magharibi. Mwaka 1895, akiwa katika safari nyingine ya vita huko huko, mauti yalimfika. Husimuliwa kwamba alikata roho ndani ya mtumbwi. Aliacha nyuma yake jeshi lenye nguvu, mrithi aliyekwisha kutawazwa, na mjane ambaye maisha yake ndiyo tunayoyaeleza leo. Jina lake Kanjogera.

Kanjogera alikuwa binti wa Rwakagara, wa ukoo wa Abega. Ukoo huo ulikuwa miongoni mwa koo chache zilizokuwa na heshima ya kuwatoa mama za wafalme, nayo heshima hiyo haikuwa ya jina tu. Katika Rwanda ya kale mfalme hakutawala peke yake. Ubavuni pake alikaa umugabekazi, yaani mama wa mfalme, aliyetawazwa pamoja naye na kupewa jina la enzi lililolingana na la mwanawe. Mfalme akiitwa Kigeli, mama aliitwa Nyirakigeli. Akiitwa Yuhi, mama aliitwa Nyirayuhi. Alikuwa na makao yake, ng'ombe wake na watu wake wa kumtumikia, na neno lake lilikuwa na uzito katika baraza. Ikiwa mama mzazi wa mrithi amekwisha kufa, mwanamke mwingine aliteuliwa kukikalia kiti hicho. Kanuni zote hizo zilihifadhiwa vichwani mwa abiru, walinzi wa siri za ufalme, wakarithishana baba kwa mwana.

Ili kuipima nguvu ya cheo hicho, yafaa tutazame mbali kidogo. Katika Uingereza ya karne ya 15, Malkia Margaret wa Anjou aliolewa na Mfalme Henry VI, mtu mpole aliyepatwa na ugonjwa wa akili. Alipoona haki ya mwanawe iko hatarini, Margaret akawa kiongozi wa upande wa mumewe katika Vita vya Waridi, vilivyoanza mwaka 1455. Lakini sheria na desturi za nchi ile hazikumpa mke wala mama wa mfalme kiti cha kutawala, na maadui zake walimlaumu kuwa ni mwanamke mgeni anayejiingiza katika mambo yasiyo yake. Mwanawe wa pekee aliuawa Tewkesbury mwaka 1471, naye mwenyewe akafia kwao Ufaransa mwaka 1482. Margaret alikuwa na mtoto wa kumpigania, lakini hakuwa na cheo. Kwa Kanjogera mambo yalikuwa kinyume: cheo alikuwa nacho, ila alipewa kwa ajili ya mtoto wa mwanamke mwingine.

Mambo yalikuwa hivi. Mwaka 1889 Rwabugiri alimtawaza mwanawe Rutarindwa kuwa mtawala mwenza, kwa jina la Mibambwe IV. Mama mzazi wa kijana huyo alikuwa amekwisha kufariki. Rwabugiri akamteua Kanjogera kuwa mama yake wa enzi, naye akapata jina la Nyiramibambwe. Uteuzi huo ulikuwa wa hatari, kwa kuwa Kanjogera alikuwa na mtoto wake wa kumzaa, Musinga, ambaye wakati huo alikuwa bado mdogo. Tena alikuwa na kaka wenye nguvu na tamaa, Kabare na Ruhinankiko. Ili kumlinda mrithi wake, mfalme aliwategemea makamanda waaminifu, mmoja wao akiwa Bisangwa, mkuu wa Ingangurarugo, jeshi mashuhuri lililokuwa karibu sana na mfalme.

Rwabugiri alipokufa, Rutarindwa alishika enzi bila upinzani wa wazi. Lakini mwaka uliofuata, 1896, askari wa Dola Huru la Kongo, wakiongozwa na maofisa wa Kibelgiji, waliingia nchini na kupiga kambi Shangi, kusini ya Ziwa Kivu. Jeshi la Rwanda lilikwenda kuwafukuza kwa mikuki na pinde, likakutana na risasi. Bisangwa aliuawa. Msomaji aliye askari ataona mara moja maana ya pigo hilo. Kushindwa mpakani ni jambo zito, lakini nchi huweza kujipanga upya. Zito zaidi lilikuwa hili, kwamba mfalme alipoteza ngao yake ya nyumbani wakati ambapo adui wa nyumbani alikuwa anahesabu siku.

Mwisho wa mwaka huo huo, mahali paitwapo Rucunshu, karibu na Kabgayi, Abega walitupa siri yao. Vita vikazuka ndani ya makao ya mfalme, watu waliokuwa wakila pamoja wakachomana mikuki. Husimuliwa kwamba mwanzoni watu wa Rutarindwa walikuwa wakishinda, hata Kanjogera akautwaa upanga ili amuue Musinga na kujiua mwenyewe asitekwe hai, na kwamba kaka yake Kabare ndiye aliyemzuia. Kisha jeshi la kuwasaidia Abega likawasili, na mizani ikageuka. Rutarindwa alipoona hakuna njia, alijifungia nyumbani na jamaa zake, akateketea motoni. Simulizi husema moto uliigusa hata Karinga, ngoma kuu ya ufalme, na kwamba Kabare alimwinua kijana Musinga juu mbele ya watu, akiwafahamisha kuwa mfalme ndiye huyu, na ngoma yaweza kuchongwa nyingine.

Musinga akatawazwa kwa jina la Yuhi V, naye alikuwa na umri wa miaka 13 hivi. Kanjogera akapata jina lake la pili la enzi, Nyirayuhi, na kwa miaka mingi yeye na kaka zake ndio waliokuwa serikali. Waliokuwa upande wa Rutarindwa waliandamwa; wengi waliuawa, wengine wakakimbia. Hata kaka hao wawili hawakudumu katika umoja. Mwanzoni mwa karne ya 20 Kabare alimshinda Ruhinankiko na kumwondolea sauti barazani. Fitina iliyoingia nyumbani kwa mlango wa mbele haikutoka kwa mlango wa nyuma.

Hapo ndipo ilipo bei ya Rucunshu. Watawala wapya walijua kwamba watu wengi, hasa wa kaskazini, hawakuuona ushindi wao kuwa wa haki. Kwa hiyo Wajerumani walipofika mwaka 1897 wakiongozwa na Kapteni Ramsay, ikulu haikuwapiga vita. Kwa hadhari, mgeni alionyeshwa mtu mwingine badala ya Musinga, lakini urafiki ulikubaliwa na ulinzi wa Wajerumani ukapokelewa. Mwaka 1899 makao ya kudumu yakawekwa Nyanza. Wamisionari waliofika mwaka 1900 nao walipokewa, ingawa kwa mashaka. Kanjogera alikuwa na akili ya kutosha kujua kwamba bunduki za wageni zilimkinga na mikuki ya nchi yake.

Jambo hilo lilithibitika mwaka 1911 na 1912. Kaskazini alitokea Muhumuza, mwanamke aliyejitangaza kuwa mjane wa Rwabugiri na kudai enzi kwa ajili ya mwanawe. Huyu alikamatwa na Waingereza mwaka 1911, akazuiliwa Kampala hadi kufa kwake mwaka 1945. Baada yake akaja Ndungutse, aliyejitaja kuwa mtoto wa Rutarindwa, na watu wengi wakamfuata. Mwaka 1912 askari wa Wajerumani, wakiongozwa na Luteni Gudowius, waliuvunja uasi huo na kuchoma makazi mengi. Enzi ya Musinga iliokoka, lakini sasa ilikuwa imeegemea mkono wa mgeni.

Na mkono wa mgeni haukudumu. Toka mwaka 1914 Wajerumani na Wabelgiji walipigana katika eneo la Kivu, na Gisenyi ikawa mstari wa mbele hadi mwaka 1916, Wajerumani waliporudi nyuma. Wabelgiji waliposhika nchi, walipunguza madaraka ya mfalme hatua kwa hatua. Musinga alikataa kubatizwa, na mama yake alishikilia desturi za kale pamoja naye. Tarehe 12 Novemba 1931 mfalme aliondolewa madarakani kwa amri, na mwanawe Rudahigwa akawekwa mahali pake siku chache baadaye. Hapakuwa na jeshi la kumtetea mfalme wala mama yake. Walihamishiwa Kamembe, kusini ya Ziwa Kivu, si mbali na Shangi alikofia Bisangwa. Huko Kanjogera alifariki mwaka 1933. Musinga naye alipelekwa baadaye Moba, nchini Kongo, akafia huko mwaka 1944.

Wapo wanaomkumbuka Kanjogera kwa ukatili tu, na hapana shaka damu nyingi ilimwagika kwa ajili yake. Haki yataka tukumbuke pia kwamba alikuwa mama, na kwamba katika ikulu ile mtoto wa mjane asiyetawala hakuwa na uhakika wa kuishi. Tena aliuendesha ufalme zaidi ya miaka 30 kati ya dola mbili za kikoloni. Lakini tendo la Rucunshu halifutiki. Alikabidhiwa ulinzi wa mtu, naye akamgeuka aliyekabidhiwa.

Kwa anayevaa sare, habari hii si hadithi ya kale tu. Silaha hutolewa pamoja na amana, na amana ikivunjwa, silaha humtumikia yeyote mwenye tamaa. Abega walishinda kwa siku moja, kisha ikawabidi waazime nguvu za wengine kuulinda ushindi huo. Siku mwenye nguvu alipotaka chake, alikichukua, wala hakukuwa na aliyebaki wa kusimama mlangoni.