Charles Darwin na Nyungunyungu

Charles Darwin alizaliwa mwaka 1809 katika mji wa Shrewsbury, Uingereza. Alipokuwa kijana alisafiri karibu miaka 5 katika merikebu iitwayo Beagle, akaizunguka dunia, akichungua mimea, wanyama na mawe ya nchi nyingi.

Alipokwisha kurudi, mjomba wake, Josiah Wedgwood, alimwonyesha konde lake. Chokaa iliyomwagwa juu ya majani miaka mingi nyuma ilikuwa sasa imefunikwa na udongo, wala hapana mtu aliyeifukia. Mjomba alidhani ni kazi ya nyungunyungu, kwa kuwa hula udongo na majani yaliyooza, kisha huja kutoa kinyesi chao juu ya nchi. Mwaka 1837 Darwin aliwaeleza wataalamu wa London habari hiyo.

Wengine hawakusadiki. Mwaka 1869 mtu mmoja aliandika kwamba viumbe wadogo na dhaifu namna ile hawawezi kazi kubwa hivyo. Darwin hakugombana naye, bali alitaka kupima. Tangu mwaka 1842 alikuwa amekaa katika kijiji cha Downe, na huko alikuwa ametandaza vipande vya chaki shambani. Akangoja miaka 29. Mwaka 1871 shimo likachimbwa, na chaki ikaonekana inchi 7 chini ya majani.

Aliwafuga nyungunyungu nyumbani pia, katika vyungu vya udongo. Usiku aliwapa vipande vya kabichi, vitunguu na karoti, apate kujua wapendacho. Wakapigiwa filimbi, zumari na kinanda, wasisikie neno. Lakini chungu kilipowekwa juu ya kinanda, waliona mtikisiko wake, wakajificha upesi.

Mwaka 1881 alitoa kitabu juu yao. Alionyesha kwamba katika sehemu nyingi za Uingereza zaidi ya tani 10 za udongo hupita matumboni mwao kila mwaka katika ekari moja. Mwaka 1882 alikufa, akazikwa katika kanisa kuu la Westminster.

Hata leo watu hufuga nyungunyungu wekundu katika sanduku lenye kivuli na unyevu, wakiwapa maganda na mabaki ya mboga za jikoni. Nao huyageuza kuwa mbolea nyeusi, iliyo njema kwa bustani. Basi, mwanafunzi, usimdharau mdogo kwa udogo wake: haba na haba hujaza kibaba.