Harold Wagstaff, Nahodha wa Wavuja Jasho

Makomredi wengi tunaijua raga ya watu 15 na ile ya watu 7. Ya watu 13 ni wachache wanaoifuatilia, na ukitaja jina la Harold Wagstaff utaulizwa, huyo naye ni nani? Mimi namtaja kwa sababu kila mara tunabishana kama mchezaji wa chuo apewe posho au atosheke na heshima ya jezi. Maisha ya jamaa huyu yana jibu, tena jibu lenye pande mbili.

Alizaliwa Mei 1891 huko Holmfirth, mji mdogo wa Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza. Hiyo ilikuwa nchi ya viwanda vya sufu na machimbo ya makaa ya mawe. Watu walifanya kazi hadi Jumamosi, na Jumamosi ndiyo ilikuwa siku ya mechi. Ukienda kucheza, mshahara unakatwa. Lakini wakuu wa raga walikataa katakata mchezaji kufidiwa mshahara huo. Kwao, raga ilikuwa ya mapenzi, si ya pesa. Basi ni rahisi kupenda hivyo ukiwa hujawahi kulala njaa! Tarehe 29 Agosti 1895, vilabu vya kaskazini vilikutana katika Hoteli ya George mjini Huddersfield, vikajitenga na kuunda chama chao, Northern Union. Mwaka 1906 chama hicho kikapunguza wachezaji kutoka 15 hadi 13 ili mpira utembee.

Novemba ya mwaka huohuo, Wagstaff aliichezea Huddersfield mechi yake ya kwanza. Alikuwa na miaka 15. Ada yake ya kusajiliwa ilikuwa pauni 5 za dhahabu. Akiwa na miaka 17 tu alikuwa ameshaichezea timu ya taifa ya England, na hakuwa amefika 21 alipofanywa nahodha wa klabu.

Alicheza senta, na silaha yake ilikuwa pasi. Huddersfield ya wakati ule haikupenda kuupiga mpira hovyo mbele ikauombea heri; iliushika, ikaupitisha mkono kwa mkono hadi kwa winga. Winga mmoja, Albert Rosenfeld kutoka Australia, alifunga trai 80 katika msimu wa 1913-14. Msimu uliofuata timu ilibeba vikombe vyote 4 vilivyokuwapo. Fainali ya ubingwa waliishinda Leeds 35-2, na ile ya Challenge Cup wakaikung'uta St Helens 37-3. Hao ndio watu walioambiwa kwamba pesa itaua mapenzi ya mchezo.

Upande wa pili wa jibu uko Sydney. Mwaka 1914 Wagstaff aliongoza timu ya Uingereza kwenye ziara ya Australia. Mechi ya kwanza walishinda, ya pili wakashindwa siku mbili tu baadaye. Ya tatu ilikuwa ichezwe baadaye Melbourne, lakini wenyeji wakaivuta mbele na kuipeleka Sydney, kwenye watazamaji wengi na viingilio vinono. Wageni walikuwa na majeruhi tele, na meneja wao akapinga. Simu ya maandishi ikaja kutoka kwa wakubwa Uingereza: chezeni. Wakacheza Julai 4, mechi ya tatu ndani ya siku 8.

Enzi hizo hapakuwa na wachezaji wa akiba. Frank Williams aliumia mguu akatoka. Douglas Clark alivunjika kidole gumba, akaendelea, kisha akavunjika mtulinga. Billy Hall akagongwa kichwa, akabebwa nje. Wakabaki 10 dhidi ya 13. Wagstaff aliwapanga wakawa wanakaba kama ukuta, halafu yeye mwenyewe akapenya na kumpa mpira Chick Johnson, mshambuliaji wa skramu aliyehamishiwa winga. Johnson aliuweka mpira chini, akaukokota kwa miguu kama mwanasoka hadi akafunga trai. Wakashinda 14-6.

Mechi hiyo ikapewa jina la Rorke's Drift, mahali huko Natal ambapo kikosi kidogo cha Waingereza kilijihami dhidi ya Wazulu mwaka 1879. Mimi jina hilo halinikai vizuri. Waliokufa kwa mamia pale walikuwa watu ambao nchi yao ndiyo iliyovamiwa. Ushindi wa Sydney haukuhitaji utukufu wa kuazima.

Vita Kuu ilipokuja, Wagstaff na wenzake kadhaa wa Huddersfield waliingia jeshini, kambi ya Grove Park, London. Wakuu wa raga ya watu 15 wakalegeza kamba: wanajeshi waliokuwa wakilipwa waruhusiwe kucheza na wasiolipwa. Timu ya Grove Park ikapoteza mechi moja tu katika msimu wa 1916-17. Amani iliporudi, marufuku nayo ikarudi. Damu ya mfanyakazi ilifaa vitani, lakini posho yake ikawa najisi tena.

Aliongoza ziara nyingine mwaka 1920, akastaafu mwaka 1925 baada ya mechi 436 za Huddersfield, na akawa na baa mjini humo. Alifariki Julai 1939, akiwa na miaka 48.

Kwa hiyo tukiketi tena kubishana, mimi msimamo wangu ni huu. Mchezaji alipwe, na asiyetaka kumlipa asijifiche nyuma ya neno heshima. Ila posho isiwe bei ya kumnunua. Wagstaff na wenzake walijinasua kutoka kwa matajiri waliowanyima senti, kisha wakaamriwa na chama chao wenyewe waingie uwanjani wakiwa hoi. Ushindi wao tunauimba kwa sababu walishinda. Mtulinga wa Clark ungevunjika hata kama wangeshindwa, na sioni kama kuna aliyemuuliza kabla ya simu ile kutumwa.