Del Martin, Msemaji wa Wanawake Wazee

Katika mwezi wa Februari, 1953, wanawake wawili wafanyakazi wa magazeti walihamia nyumba moja mjini San Francisco, Marekani. Mmoja alikuwa Del Martin, wa pili Phyllis Lyon. Wakaishi pamoja miaka 55, hata mauti yakawatenga.

Martin alizaliwa mji huo huo tarehe 5 Mei, 1921, akapewa jina la Dorothy Louise Taliaferro. Aliolewa angali kijana, akajaliwa binti mmoja, lakini ndoa haikudumu. Mwaka 1950 alikwenda Seattle kwa kazi, na huko ndiko alikoonana na Lyon.

Zama hizo mwanamke akijulikana kuwa anampenda mwanamke mwenziwe, aliweza kufukuzwa kazi na kukanwa na jamaa zake. Kwa hiyo mwaka 1955 wanawake wanane, wawili hao wakiwamo, walianzisha chama kilichoitwa Daughters of Bilitis ili wapate mahali pa kukutana bila hofu. Mwaka uliofuata kikatoa gazeti lake, The Ladder, ambalo Martin alikuja kuwa mhariri wake.

Lakini Bi. Martin hakuwatetea wenziwe hao peke yao. Mwaka 1976 alitoa kitabu, Battered Wives, juu ya wake wanaopigwa na waume zao. Wakati huo polisi wengi waliona kuwa hayo ni mambo ya ndani ya nyumba, yasiyowahusu. Yeye alishikilia kuwa kumpiga mke ni kosa kama kumpiga mtu mwingine yeyote.

Miaka ikapita, uzee ukabisha hodi. Hapo akaiona dhiki ambayo ujanani haikuonekana. Mwanamke wa namna yake akiugua, yule aliyekaa naye miaka 40 hakuhesabiwa jamaa yake. Hospitalini aliweza kuitwa mpwa asiyefika miaka mingi, na aliyemwuguza akaachwa mlangoni. Akifa, mwenziwe hakupata malipo ya serikali ambayo mjane wa mume huyapata.

Bibi hao wakajiunga na Old Lesbians Organizing for Change, chama cha wanawake wenye miaka 60 na zaidi. Wenye chama walilichagua kwa makusudi neno lenye maana ya mzee. Huku kwetu mtu akiitwa mzee amepewa heshima yake. Kwao neno hilo lilikuwa karibu na tusi, na watu walilikwepa. Mwaka 1995 serikali ya Marekani ilipoitisha mkutano mkuu juu ya mambo ya uzee, Martin na Lyon walikuwa miongoni mwa wajumbe.

Tarehe 12 Februari, 2004, Meya Gavin Newsom aliporuhusu ndoa za namna hiyo mjini San Francisco, wao ndio waliotangulia. Mwezi wa Agosti Mahakama Kuu ya California ikazibatilisha. Mahakama hiyo hiyo ilipogeuza sheria mwaka 2008, wakafunga tena tarehe 16 Juni.

Siku 72 baadaye, tarehe 27 Agosti, Bi. Martin alifariki, umri wake miaka 87. Lyon alikuwa kando yake, naye akaishi hadi mwaka 2020. Lile alilowadaia wengine miaka mingi, yeye mwenyewe alilipata mwishoni kabisa: sheria ya jimbo lake haikuweza tena kumwuliza aliyekaa kitandani pake kuwa yeye ni nani kwa mgonjwa.